Chumvi Iliyokuwa Ndani ya Gitaa

Siku gitaa lilipokataa kusema kule Ruangwa tulikuwepo hawa, na nawataja kwa sababu wengi wao hawana tena wa kuwataja. Alikuwepo Mjomba Athumani, kaka mkubwa wa mama yangu, ambaye kwa desturi yetu ya kufuata upande wa mama ndiye aliyekuwa na neno la mwisho juu ya dada zake na watoto wao, awe na akili au asiwe nayo. Alikuwepo Mama Mdogo Somoe, mdogo wake mama. Alikuwepo Bibi Fatu, aliyewazaa wote hao. Walikuwepo mapacha wa ngoma, Dadi na Mohamedi Chitanda, ambao si ndugu zetu ila walikula kwetu mpaka watu wakawahesabu. Alikuwepo Hashimu, mpiga gitaa, mtoto wa jirani yetu Mzee Libaba. Mwenyeji wetu alikuwa Mzee Saidi Chikoja, mfanyabiashara wa Ruangwa, aliyekuwa akiwatoa jandoni wajukuu zake wawili. Na mimi, msichana wa miaka tisa, niliyechukuliwa kwa sababu Bibi hakwenda safari bila wa kumbebea kibuyu cha maji.

Na alikuwepo Bwana Eliakimu, karani wa ghala la korosho. Huyo hakuwa na uhusiano na mtu yeyote pale. Uhusiano wake ulikuwa na cheti chake.

Bwana Eliakimu tumemzika juzi juzi Nachingwea. Aliletwa na kazi akiwa kijana, kazi ikaisha, yeye akabaki. Nilikwenda msibani kwa sababu jirani ni jirani, nikakaa kwenye mkeka pamoja na wanawake wenzangu. Akasimama mtu mmoja mwenye suti akasoma habari za marehemu. Akasema marehemu alikuwa fundi, tena fundi wa kwanza kulifanya gitaa la Naipingo, kijiji chetu, lizungumze kwa umeme. Watu wakatikisa vichwa kwa heshima. Mimi nilijifunika mdomo kwa ncha ya khanga, na aliyekaa kando yangu akanipapasa mgongo akidhani nalia. Kisha kijana mkubwa wa marehemu akaleta sanduku la mbao, akalifungua mbele ya watu ili wajukuu waone vyombo vya babu yao. Harufu ya sandarusi ikanijia puani. Nilinyanyuka kwenye mkeka na magoti yangu haya mabovu, nikaenda kuchungulia. Nilichokiona mle ndani nitakisema mwishoni. Nikikisema sasa hamtaelewa kwa nini niliondoka bila kuaga wafiwa.

Sanduku lile halikuwa lake. Lilikuwa la marehemu Issa, mume wa Mama Mdogo Somoe, fundi wa redio aliyekuwa na meza yake karibu na soko la Nachingwea. Issa alikuwa fundi wa kweli, ila macho yalimwishia mapema. Miaka yake ya mwisho alikuwa akikaa mbele anapokea redio za watu, anawasalimu, anawauliza habari za shamba, na redio zinapita nyuma ya pazia kwa mkewe. Mama Mdogo Somoe ndiye aliyezifungua, ndiye aliyetafuta ugonjwa, ndiye aliyelehemu. Hakuwahi kukaa darasani hata siku moja. Mji mzima ulimsifu Issa kwa mkono mwepesi, na mkono ulikuwa wa mke. Issa alipokufa, wapwa zake walikuja kuchukua vyao. Wakabeba kitanda, wakabeba baiskeli, wakaliangalia sanduku wakasema ni vyuma chakavu. Mama Mdogo akajitwika kichwani akarudi nalo kwetu Naipingo.

Mimi nilikuwa sibanduki kwenye sanduku lile. Ndani mlikuwa na koleo mbili ndogo, waya za rangi, vichwa vya redio zilizokufa, na chuma cha kulehemu cha shaba chenye mpini wa mpingo. Umeme hatukuwa nao, kwa hiyo chuma kile kilipashwa moto kwenye jiko la makaa, kama kinavyopashwa kisu cha kunyolea nywele za mwali wa unyago. Na mlikuwa na donge la sandarusi, ile gundi ngumu ya mti inayochimbwa ardhini, kubwa kama ngumi ya mtu mzima, rangi ya asali. Donge lile lilikuwa na matundu mawili, moja kubwa moja dogo, kama macho ya mtu anayekonyeza. Tundu kubwa lilikuwa la kusafishia chuma, dogo la kuchovyea risasi ya kulehemia, maana bila sandarusi risasi haishiki. Kila chuma kilipogusa, moshi ulitoka wenye harufu ya ubani. Bibi Fatu alikuwa akipiga chafya, anasema, "Somoe, unawafukizia majini wa redio?" Na Mama Mdogo anajibu, "Nao wana haki yao, mama."

Sasa Mjomba Athumani alikuwa na bendi. Naita bendi kwa kumstahi. Ilikuwa ngoma mbili za mapacha, manyanga, na gitaa la mbao la Hashimu ambalo likipigwa pamoja na ngoma ulimwona Hashimu anatikisa mkono tu, sauti husikii. Mwaka huo Mzee Saidi Chikoja wa Ruangwa alituma salamu kwamba wajukuu zake wanatoka jandoni baada ya wiki tatu, kwamba ana jenereta na amplifaya yenye vipaza sauti viwili, na kwamba bendi itakayomfurahisha ndiyo itakayopiga kwenye sherehe zote za ndugu zake msimu mzima, kuanzia Ruangwa mpaka Chiola. Lakini lazima gitaa liwe la umeme. Hakutaka mambo ya porini.

Mjomba alihangaika siku mbili. Siku ya tatu Mama Mdogo akamwambia, wakiwa wanakula kisamvu kisichokuwa na chumvi, "Kaka, nitafutie kichwa cha gramafoni mbovu, kile kinachobeba sindano. Gitaa lako nitalisemesha."

Nasema kisichokuwa na chumvi kwa sababu miaka ile chumvi ilikuwa haba. Sukari haba, sabuni haba, chumvi haba. Bibi Fatu alikuwa na chumvi kidogo kwenye kibuyu kilichoning'inia juu ya mafiga, na aliitoa kwa vidole viwili kama mtu anayetoa dawa. Shikeni hilo.

Gramafoni mbovu alikuwa nayo Bwana Eliakimu. Ndipo alipoingia kwenye habari hii, na soksi zake. Mwezi wa kumi, korosho zinadondoka, mabibo yananuka kila mahali, jua linapasua ardhi, yeye amevaa soksi mpaka magotini. Mfukoni mwa shati alipanga kalamu tatu, na mimi niliyetumwa kwake mara nyingi nawaambia mbili hazikuwa na wino. Aliwahi kusoma ufundi wa redio kwa njia ya posta. Walimletea vitabu, akajibu maswali, wakamletea cheti, akakitundika ukutani ofisini kwenye kioo. Redio yenyewe sikumwona akifungua. Lakini Mjomba alikuwa mtu wa namna hii: angemwamini hata mbuzi, mradi mbuzi amevaa soksi.

"Dada Somoe," Bwana Eliakimu alisema alipoleta kile kichwa, amekifunga kwenye karatasi kama zawadi, "gitaa la umeme lina sumaku. Sumaku na waya mwembamba mizunguko maelfu. Ndiyo elimu yenyewe. Hiki ni kitu cha kusomea santuri."

"Ndiyo, Bwana Karani," Mama Mdogo akasema. "Sumaku sina. Nitatumia nilichonacho."

Mjomba hakutaka kuonekana yuko upande wa dada yake mbele ya mtu msomi. Akasema hapo hapo, watu wanasikia, "Basi tuwekeane hivi, Somoe. Gitaa likisema Ruangwa, nakujengea banda la ufundi pale sokoni Nachingwea, ukae na sanduku lako. Lisiposema, sanduku namkabidhi Bwana Karani mwenye cheti, na wewe ushike jembe kama wenzako."

Mama Mdogo aliliangalia sanduku, akamwangalia kaka yake. "Na iwe hivyo," akasema.

Alikifungua kile kichwa mchana, uani, juu ya kipande cha shuka nyeupe, nami nimekaa ubavuni. Akatoa kijipande chembamba, kipana kama ukucha wa kidole gumba, kimebandikwa karatasi ya fedha juu na chini. Akakiweka kwenye pamba. "Unakiona hiki, mwanangu? Hiki ni chumvi."

Nikamwangalia nione kama ananitania.

"Chumvi ya kutengenezwa, imekuzwa mpaka ikawa jiwe. Ukiibana inatoa umeme kidogo sana. Sindano ilikuwa inaitikisa, sasa uzi wa gitaa ndio utakaoitikisa. Ina maadui wawili, maji na moto. Ikilowa imekufa, ikipata moto imekufa."

Alipoinuka kwenda kuongeza makaa, nilikigusa pembeni kwa ncha ya ulimi. Wallahi ilikuwa chumvi, tena yenye uchungu kidogo. Nilikaa pale nimeduwaa. Sisi tunakula kisamvu kitupu, na watu wa gramafoni wanatia chumvi kwenye nyimbo. Nilielewa kabisa, kwa akili ile ya miaka tisa, kwa nini muziki wa santuri ni mtamu kuliko wa kwetu.

Kazi yake nawaeleza kama nilivyoiona. Kijipande kile kilikuwa na masikio mawili ya bati jembamba sana. Mama Mdogo hakulehemu pale. Alichukua vibanio viwili vidogo vya shaba, akalehemu waya kwenye vibanio, mbali, akavipuliza, akavigusisha shavuni kuona vimepoa, ndipo akavivalisha kwenye yale masikio. Kisha akachukua nta ya nyuki kutoka Kilimarondo, akailainisha kwa vidole tu, bila moto, akakifunika kijipande chote kisinywe unyevu, akakibandika ndani ya gitaa, chini ya ule mti unaobeba nyuzi.

Walipolijaribu kwenye redio kubwa ya mbao ya Mjomba, sauti ilitoka nyembamba, haina tumbo. Bwana Eliakimu akacheka kwa pua. Mama Mdogo hakushangaa. Alisema chumvi ina maneno mengi ila haina nguvu ya kuyafikisha, inataka mshenga. Siku nne akatengeneza mshenga: transista moja ya redio iliyokufa, rezista tano, kapasita tatu, betri ndogo, vyote ndani ya kopo la dawa ya viatu. "Mwenye maneno anakaa kwake anazungumza taratibu," akaniambia, "mshenga anayapokea bila kumchosha, anakwenda kuyasema nyumba ya pili kwa sauti. Hapunguzi, haongezi." Kopo likiwa wazi redio ililia vuu, kama mzinga wa nyuki. Akaunga waya mmoja kwenye bati la kopo, akalifunika mfuniko. Nyuki wote wakanyamaza.

"Haya, Hashimu," akasema.

Hashimu akavuta uzi wa chini kabisa. Kuku waliokuwa uani wakatawanyika. Bibi Fatu, aliyekuwa anapepeta mbaazi, akaweka ungo chini. Sauti ile ilikuwa nene, ina mwili, ukitaka kuishika unaishika. Hashimu akapiga mpaka akasahau kufunga mdomo, mapacha wakakimbilia ngoma zao, na watu wakaja kutoka nyumba za juu mpaka ua ukajaa. Mjomba alisimama mikono nyuma kama yeye ndiye aliyelehemu.

Bwana Eliakimu akainama juu ya gitaa, akatoa kalamu moja, akanyooshea. "Hizi waya hapa ndani hazikulehemiwa. Zimebanwa, kama nguo kwenye kamba. Barabara ya Ruangwa ina makorongo. Zitachomoka."

"Nimelehemu kwenye kibanio, Bwana Karani."

"Lakini si kwenye chombo chenyewe. Kitabu kinasema kila kiungo kilehemiwe."

"Bwana Karani," Mama Mdogo akasema, bila hasira, akiwa anakusanya koleo zake, "wewe nyumbani kwako gauni linapigwa pasi mtoto akiwa amelivaa?"

Ua mzima ulicheka. Bibi Fatu alicheka mpaka akashika mbavu. Bwana Eliakimu akarudisha kalamu mfukoni, akavuta soksi zake juu, akaondoka. Kuna watu ukiwaibia wanasamehe, ukiwachoma kisu wanasamehe, ila ukiwacheka wanakuandika daftarini.

Siku moja kabla ya safari Mama Mdogo alikuwa shambani akiokota korosho. Mjomba akaniita. "Chukua gitaa, mpelekee Bwana Karani alikague. Aliangalie kwa macho ya kisomo. Na usiende kumsumbua mama yako mdogo kwa maneno." Nikalibeba kwa mikono miwili mpaka ghalani.

Alikuwa ameshapasha chuma chake, kipya, kinang'aa. Akaingiza mkono kwenye tundu la gitaa akakivuta kijipande nje na waya zake, akakiweka mezani juu ya daftari. Akavitoa vibanio vya Mama Mdogo akavitupa sakafuni.

"Mama Mdogo amesema chuma kisiguse pale," nikasema.

"Mama Mdogo wako amesoma mpaka darasa la ngapi?"

"Hajasoma."

"Basi."

Akagusa. Nta ikayeyuka, ikatoa harufu ya asali iliyoungua. Akashikilia chuma pale pale, amekunja uso, ulimi umetoka pembeni, kwa sababu risasi ilikataa kushika na yeye hakujua kutumia sandarusi. Kisha pembeni mwa kile kijipande likatokea tone, tone la maji safi kabisa, likaning'inia, likaanguka juu ya daftari. Akalifuta upesi kwa leso.

"Nini hicho, Bwana?"

"Jasho," akasema. "Vyombo vya umeme hutoa jasho."

Nimeishi miaka yote hii, nimemiliki redio, televisheni na simu, na sijaona kitu cha umeme kinachotoa jasho. Mwenye jasho alikuwa yeye. Akalehemu na sikio la pili, akarudisha kijipande mahali pake, akakibandika na nta iliyobaki. Nikamuuliza kwa nini asilipige kidogo tusikie. "Fundi wa kweli hajaribu," akanijibu. "Anajua."

Nilirudi na gitaa nimelikumbatia, na njia nzima nawaza lile tone. Chumvi ikitoka maji ndiyo inakwisha, hilo kila mtoto aliyepika anajua. Imepungua. Wakifika Ruangwa sauti itakuwa haina ladha, na Mama Mdogo atanyang'anywa sanduku. Sikuwaza kumwambia mtu. Nilikatazwa kusema, halafu niliona dawa yake ni rahisi. Bibi alikuwa uani na mbaazi zake. Nikapanda juu ya kinu, nikashusha kibuyu, nikachota chumvi, si kwa vidole viwili kama yeye, nilichota kiganja. Nikaimimina kwenye tundu la gitaa, nikalitikisa taratibu ili chumvi ifike ilikopungua. Kisha Mjomba akalifunga kwenye khanga akalifungia chumbani kwake mpaka lori lilipokuja asubuhi. Mama Mdogo aliporudi shambani hakupewa nafasi ya kulifungua, na hakuna aliyemwambia limetoka nyumbani.

Ruangwa kulikuwa kumejaa watu. Vijana wa jando wametoka na kanzu mpya, mafuta yanawang'aa shingoni, mama zao wanapiga vigelegele, pilau inanukia chumvi mpaka nikameza mate. Ilikuwa alasiri. Jenereta ilikuwa inanguruma nyuma ya nyumba, na vipaza sauti viwili vimefungwa juu ya nguzo. Mzee Saidi Chikoja amekaa kwenye kiti cha mikono, amezungukwa na wageni wake. Mapacha wakaanza. Hashimu akachomeka waya, akavuta uzi.

Hakuna kitu. Vuu tu, ile ya nyuki.

Akavuta tena. Watu wakaanza kutazamana. Mama Mdogo akapita katikati yao, akafungua kopo, akagusa waya mmoja kwa kidole, vuu ikapanda, akaondoa kidole ikashuka. Akamwambia Hashimu kwa sauti ya chini, "Mshenga mzima. Mwenye maneno ndiye aliyekufa. Nipe nimtoe."

Hakupewa. Bwana Eliakimu alikwisha kulichukua gitaa mikononi mwa Hashimu. Alijua anachofanya? Nadhani alitaka tu kuonekana analishika. Akaligeuza tundu likaangalia chini, akalitikisa, na chumvi ya Bibi Fatu ikamwagika yote juu ya mkeka mbele ya miguu ya mwenyeji.

Kila mtu aliiona. Bwana Eliakimu akaichovya kwa kidole, akaonja. Akatazama watu kwanza, akasubiri wanyamaze, ndipo akasema, "Chumvi. Wenzake wanalehemu, dada yetu ameunga mboga."

Nimesikia vicheko vingi maishani. Kile ndicho ninachokidharau kuliko vyote, kwa sababu baadhi ya waliocheka walikuwa majirani zetu waliopanda nasi lori, wale wale waliocheka uani kwetu wiki ile, na vinywa vyao havikuona tofauti.

Mama Mdogo naye aliinama, akachukua punje moja akaiweka ulimini. Chumvi ya pwani iliyosagwa kwa jiwe la Bibi, ina vumbi la mafiga. Aliinua macho akanitazama mimi, niliyesimama nyuma ya Bibi na kibuyu cha maji. Kisha akaingiza mkono kwenye gitaa akakitoa kile kijipande. Kilikuwa kimeyeyuka pembe zote mbili, kikaganda tena cheupe kama mafuta ya nazi asubuhi ya baridi, na juu yake madonge mawili ya risasi.

"Umepiga pasi gauni mtoto akiwa ndani, Bwana Karani," akasema. "Umemchoma."

"Mimi? Mimi nimelishika wapi gitaa hili?"

Hapo mnielewe vizuri. Mjomba Athumani alijua gitaa lilikwenda ghalani, yeye ndiye aliyelituma. Alikuwa akitazama nguzo za vipaza sauti, anazihesabu, na zilikuwa mbili. Mama Mdogo akauliza, "Nani ameona gitaa hili likienda kwa Bwana Karani?" Hakumuuliza mtu mmoja, aliwauliza wote. Mjomba akanyamaza, kwa kuwa angesema angekuwa mjinga mbele ya Mzee Saidi. Na mimi nikanyamaza, kwa kuwa ningesema habari ya tone ningeulizwa na habari ya chumvi. Nilimwona Bwana Eliakimu akinitazama, kisha akaacha kunitazama, kama mtu aliyepima mzigo akaona ni mwepesi.

Bendi nyingine ilipiga. Sisi tulirudi na lori hilo hilo, na Bwana Eliakimu akakaa mbele kwa dereva. Tulipofika Naipingo Bibi Fatu akashusha kibuyu chake, akachungulia ndani, akauliza nani ameimaliza chumvi. Mama Mdogo Somoe akajibu akiwa mlangoni, hata hakugeuka, "Mimi, mama." Kesho yake Mjomba alimtuma Dadi Chitanda kulibeba sanduku mpaka ghalani.

Mama Mdogo hakuwahi kuniuliza. Aliolewa tena Chiola, akalima, akaokota korosho, na redio za majirani alizitengeneza kwa msumari wa inchi sita aliokuwa akiupasha kwenye mafiga. Zilisema. Banda la sokoni hakulipata. Amekufa miaka kadhaa sasa, na msibani kwake hakuna mwenye suti aliyesimama.

Nimesema nitawaambia nilichokiona kwenye sanduku. Niliona donge la sandarusi. Kubwa kama ngumi, rangi ya asali, limefunikwa vumbi. Lina matundu mawili, moja kubwa moja dogo. Mawili yale yale. Halikupungua, halikuongezewa tundu la tatu, wala ukingo wa matundu haukupanuka. Mwanamume yule alikaa na sanduku la watu tangu mimi nina meno ya utoto mpaka sina meno, akaitwa fundi, akasalimiwa fundi, akazikwa fundi, na hakuingiza chuma kwenye sandarusi ile hata mara moja. Nilifunga mfuniko mwenyewe nikatoka.

Sasa nyinyi rika langu mliokulia Naipingo na Ruangwa, mnaoukumbuka mwaka ule wa kisamvu kitupu, nisahihisheni nilipokosea. Pengine aliyelibeba sanduku ni Mohamedi, si Dadi, walifanana mno. Pengine wajukuu wa Mzee Saidi walikuwa watatu. Na kama yupo aliyemwona Bwana Eliakimu akilehemu kitu kimoja kikafanya kazi, aje aniambie, nitakwenda kaburini kwake kumwomba radhi na magoti yangu haya. Ila tone lilianguka juu ya daftari nikiliona, na chumvi niliitia mimi. Hayo mawili msinisahihishe, maana aliyestahili kuyasikia hayupo.